Eksirei inasema 3.1, CT inasema 3.6, kifua cha mwanangu kimebonyea kweli kiasi gani?

BabaSele_Ngamiani

Asalaam aleykum wakuu, na wasio waislamu habari za jioni. Nipo Tanga mjini huku Ngamiani, naomba mwenye uelewa wa mambo ya vipimo vya kifua anisaidie maana nimechanganyikiwa kwa kweli.

Kijana wangu ana miaka 14 yuko form two. Toka akiwa mdogo alikuwa na kibonde kifuani, pale mfupa wa kidari unapoishia juu ya chembe ya moyo. Bibi yake akawa anasema ni kikohozi cha utotoni, shangazi yake anasema alibanwa vibaya na kanga alipokuwa anabebwa mgongoni, basi tukaacha tu. Sasa toka mwaka jana kaanza kurefuka kwa kasi, suruali za shule hazikai, na kile kibonde nacho kinazidi kuingia ndani, saivi akilala chali ukimmwagia maji yanatuama pale kabisa. Havui shati mbele za watu, wenzie wakienda kuogelea Raskazone yeye anaingia na fulana. Mpira anacheza ila kipindi cha pili anaomba kutoka, anasema pumzi haitoshi.

Tukaenda sehemu moja akapigwa eksirei ya mbele na ya ubavu, daktari akapima kwa rula akaandika 3.1, akasema ni kidogo tu asubiri akue. Mama yake hakuridhika, tukapata rufaa akapigwa CT, ile mashine ya mionzi inayotoa picha za kifua kipande kwa kipande, ripoti ikarudi na 3.6 na neno "kali", na aliyetusomea akasema ikizidi 3.25 mtu anapasuliwa. Kati ya kipimo cha kwanza na cha pili muda haujapita kivile. Hivi kifua kinaweza kuharibika haraka namna hiyo au mashine moja ina matatizo? Na hiyo namba ndo inayoamua mtoto apasuliwe au la? Mama yake anasema warudie CT tuwe na uhakika ila nasikia mionzi yake ni mikali, sitaki nimuumize mwanangu kwa kutafuta namba.

mionzi_pwani

Waaleykum salaam baba Sele. Mi nafanya kazi upande wa picha za mionzi, nipo huku huku Tanga, ngoja nikueleze taratibu maana hili swali zuri sana na watu wengi wanapewa hiyo namba bila kuelezwa imetoka wapi.

Hiyo namba inaitwa indeksi ya Haller. Haller alikuwa daktari wa upasuaji wa watoto kule Johns Hopkins, Baltimore, Marekani, yeye na wenzie waliitoa mwaka 1987. Hesabu yenyewe mtoto wako wa form two anaifanya bila kalkuleta. Kwenye picha ya CT unatafuta kile kipande ambacho mfupa wa kidari umezama zaidi kuelekea mgongoni, unapima upana wa kifua kwa NDANI, yaani kutoka ndani ya mbavu za kulia mpaka ndani ya mbavu za kushoto, halafu unapima nafasi iliyobaki kati ya nyuma ya mfupa wa kidari na mbele ya pingili ya uti wa mgongo. Upana gawa kwa hiyo nafasi, basi. Kifua cha kawaida kinatoa kama 2 na nusu hivi. Kadiri mfupa unavyoingia ndani nafasi inapungua na namba inapanda.

Sasa hiyo 3.25 sikiliza ilivyopatikana. Haller na wenzie walichukua watoto ambao madaktari walishaamua kwa macho na kwa dalili kwamba wanahitaji upasuaji, wakawapima, wakalinganisha na wasiokuwa na tatizo. Wote waliopasuliwa walikuwa juu ya 3.25. Kwa hiyo uamuzi wa daktari ulitangulia, namba ikafuata nyuma kuuthibitisha. Baadae ikageuka kuwa mstari, ukivuka unapasuliwa usipovuka unarudi nyumbani, na kampuni za bima nje huko wakaishikilia hivyo hivyo. Mi naona hapo ndo watu walipopotea.

Kuhusu 3.1 na 3.6, kabla hujalaumu mashine naomba unijibu mambo mawili. Moja, wakati wa CT kijana aliambiwa avute pumzi ashikilie, au alilala tu akapigwa? Maana ukitoa pumzi mfupa wa kidari unashuka unausogelea uti wa mgongo, upana wa pembeni haubadiliki sana, namba inapanda. Ukivuta pumzi mpaka mwisho kifua kinanyanyuka namba inashuka. Mtoto yule yule, siku ile ile, anaweza kupata namba mbili. Eksirei ya kifua karibu siku zote unaambiwa "vuta pumzi, shikilia", CT wakati mwingine watu wanapitiliza. La pili, kwenye ripoti kuna vipimo vya milimita vimeandikwa? Nitumie hivyo, usitume jina la mtoto wala namba ya faili.

Kaka_wa_Pongwe

Baba Sele pole sana, mi kibonde ninacho mwenyewe mpaka leo na nina watoto. Sekondari nilikuwa kama huyo kijana wako kabisa, fulana masaa yote, sipigi picha, nakaa nimejikunja mabega mbele ili shati lisilale kifuani. Hiyo kujikunja mzuie mapema maana mgongo nao unazoea na kifua kinaonekana kibaya zaidi ya kilivyo. Na muulize taratibu anajisikiaje, mi hakuna mtu mzima aliyewahi kuniuliza, kila mtu alikuwa anauliza kama naumwa tu.

Mimi sikupasuliwa, ila nilipopelekwa kupimwa ukubwani daktari alijali zaidi moyo kuliko hiyo namba. Nikafanyiwa eko, kile kipimo cha kuangalia moyo kwa mawimbi ya sauti. Wewe mtoto wako kafanyiwa?

Mwana_Chumbageni

Samahani mionzi_pwani lakini usimtie mzee matumaini ya bure. 3.25 ni 3.25, mdogo wangu alikuwa na namba ya 4 na kitu, familia ilichanga akapelekwa India akawekewa chuma, saivi anapumua vizuri na anacheza basketi. Wangesikiliza habari za "vuta pumzi toa pumzi" wangechelewa. Mtoto analalamika pumzi na CT inasema kali, mnasubiri nini tena?

mionzi_pwani

Chumbageni nimefurahi mdogo wako yuko vizuri, na mi sijasema asipasuliwe. Namba ya 4 na kitu hata uipime amevuta pumzi mpaka basi bado iko juu, pale mjadala ni mdogo. Shida iko kwa hawa wa katikati, 3.1, 3.3, 3.6, ndo wanaoyumbishwa na pumzi na mkono wa anayepima. Na wenyewe wanaoweka hicho chuma hawaendi kwa namba peke yake. Upasuaji wa mdogo wako kama ni chuma kilichopindwa kinachopitishwa nyuma ya mfupa wa kidari halafu kinageuzwa ili kiusukume juu, huo ni wa Donald Nuss wa Norfolk, Virginia, aliuanza mwaka huo huo 1987 na akautangaza 1998 baada ya kufuatilia watoto wake miaka kumi. Chuma kinakaa kama miaka mitatu hivi kinatolewa. Kabla yake kulikuwa na ule wa Ravitch wa 1949, wa kupasua mbele na kukata gegedu za mbavu zilizoota vibaya, mpaka leo upo kwa baadhi ya wagonjwa. Hao wa Nuss wanataka zaidi ya jambo moja kabla ya kushika kisu: namba juu ya 3.25 NA moyo kubanwa kwenye picha au eko, au mapafu kupungua uwezo kwenye kipimo cha kupuliza, au vali ya moyo kulegea, au kibonde kinachozidi kuongezeka huku dalili zinaongezeka. Angalau mawili kati ya hayo. Ukiwa na namba tu bila kingine chochote wengi wanakwambia tufuatilie.

BabaSele_Ngamiani

Ahsanteni wote, Mungu awabariki. Kaka wa Pongwe hilo la kumuuliza anajisikiaje limeniingia, leo baada ya swala ya magharibi nitakaa nae.

Eko hajafanyiwa. Mionzi, nimemuuliza kijana, anasema siku ya CT alilazwa chali mikono juu, hakuambiwa kitu kuhusu pumzi, mashine ikapita mara moja wakamwambia shuka. Siku ya eksirei aliambiwa avute pumzi ashikilie. Ripoti ya CT imeandika upana 245 mm, nafasi ya nyuma ya kidari 68 mm. Ile ya eksirei daktari aliandika kwa kalamu pembeni 251 na 81. CD ya CT ninayo, nimeifungua kwenye laptop ya jirani picha zinaonekana.

Kingine nilisahau, akiwa darasa la tano kuna zahanati walimpiga eksirei wakasema ana nimonia pafu la kulia, akapewa sindano, na eksirei ya marudio wakasema bado ipo. Ina uhusiano?

mionzi_pwani

Una uhusiano mkubwa mzee wangu, na nitaanzia hapo. Mfupa wa kidari ukizama unausukuma moyo kwenda kushoto, na ule ukingo wa moyo wa upande wa kulia unafifia kwenye picha ya mbele, panaonekana ukungu ukungu karibu na moyo. Asiyejua anasoma nimonia ya pafu la kulia. Ndo maana ya marudio "bado ipo", haikuwepo toka mwanzo au kama ilikuwepo sio ile iliyoonekana. Anayejua anaangalia mbavu pia: kwa watoto hawa mbavu za nyuma zimekaa mlalo kuliko kawaida, na za mbele zinashuka chini kwa kasi. Halafu anaomba picha ya ubavu na kila kitu kinaonekana. Kwa hiyo kuanzia leo kila akipigwa eksirei, mwambie mpigaji na msomaji kwamba mtoto kifua kimebonyea, waandike kwenye fomu.

Haya namba. 251 gawa 81 ni 3.1. 245 gawa 68 ni 3.6. Hesabu zote mbili ni sahihi, hakuna mashine mbovu. Angalia upana, 251 na 245, karibu sawa. Kilichobadilika ni nafasi ya nyuma ya kidari, 81 amejaza pumzi, 68 hajajaza, milimita 13 hizo na ndo ugomvi wote ulipo. Kwa hiyo kifua hakikuharibika ghafla, Chumbageni, na hapa ndo nilikuwa nataka mzee aone.

Halafu angalia madaraja yenyewe yalivyokaribiana. Wengi wanaoandika ripoti wanasema chini ya 3.2 ni kidogo, 3.2 mpaka 3.5 ni wastani, zaidi ya 3.5 ni kali. Kwa upana wa 245, ili uwe 3.2 unahitaji nafasi ya milimita 76 na nusu, na ili uwe 3.5 unahitaji 70. Yaani kutoka "kidogo" mpaka "kali" kuna chini ya milimita 7! Kuhema tu kunaruka daraja lote la katikati. Ongeza na mpimaji mmoja kachukua upana kwenye kipande kile kile, mwingine kachukua popote kifua kilipo kipana zaidi, mwingine kaweka mstari kwenye ngozi badala ya ndani ya mbavu, utapata namba za kila aina.

Sasa kuna kasoro nyingine kubwa zaidi ya pumzi. Indeksi ya Haller inachanganya vitu viwili, kibonde chenyewe na umbo la kifua. Mtu mwenye kifua bapa, kipana na chembamba kutoka mbele kwenda nyuma, atatoa namba kubwa hata kama kibonde ni kidogo. Na mwenye kifua cha mviringo kama pipa anaweza kuwa na shimo la kutisha na namba ikatoka ndogo kwa sababu nafasi ilikuwa kubwa toka mwanzo, huyo ananyimwa matibabu kwa ajili ya hesabu. Hilo la pili ndo linaniuma zaidi mimi.

Ndo maana mwaka 2011 madaktari wa watoto wa Kansas City, St. Peter na wenzie, wakaja na kipimo kingine, cha marekebisho. Hiki hakiangalii upana kabisa. Kwenye kipande kile kile unachora mstari wa mlalo unaogusa mbele ya pingili ya mgongo. Unapima kutoka hapo mpaka nyuma ya kidari kilipozama, kwa kijana wako ni 68. Halafu unapima kutoka kwenye mstari ule ule mpaka ndani ya ukuta wa mbele wa kifua pale ulipoinuka zaidi, pembeni ya kibonde. Tofauti ya hizo mbili unagawa kwa ile kubwa, unapata asilimia: kifua kimepoteza kiasi gani cha kina ambacho kingekuwepo. Kawaida ni karibu na sifuri, wanasema ikifika asilimia 10 na kuendelea hicho ni kibonde cha kweli. Una CD, mwambie jirani afungue ile programu ya kuangalia picha iliyomo, huwa ina alama ya rula, tafuta kipande kilichozama zaidi upime hiyo ya pili unitumie.

BabaSele_Ngamiani

Tumekaa na jirani na kijana mwenyewe, yeye ndo kapima, kafurahi kweli kuona kifua chake kwa ndani. Ya pili imetoka 84.

mionzi_pwani

Vizuri sana kumshirikisha. 84 toa 68 ni 16, gawa 84 ni kama asilimia 19. Kwa hiyo kibonde kipo, sio cha kufikirika, karibu mara mbili ya huo mstari wa 10. Ila sasa angalia kitu kingine: chukua upana 245 gawa kwa 84, unapata 2.9. Maana yake hata kibonde kingefutika kabisa leo, kifua cha kijana bado kingetoa 2.9 kwa sababu ni bapa kwa asili yake. Sehemu kubwa ya ile 3.6 iliyowatisha inatokana na ubapa na kuhema. Kilichozama chenyewe ni milimita 16, sentimita moja na nusu na kidogo, tena akiwa hajajaza pumzi.

Hicho ni kipimo cha nyumbani, mtaalamu wa mionzi akipime upya kwenye picha hizo hizo na aandike kwenye ripoti. CT hairudiwi! Picha zipo, vipimo vinaweza kuchukuliwa tena hata mara kumi bila mtoto kuguswa. Mwambie mama Sele eksirei moja ya kifua ni kama milisiveti 0.1 (hicho ni kizio cha dozi ya mionzi), CT ya kifua ya kawaida ni kama 7, hata ile ya dozi ndogo ni zaidi ya moja. Sio ya kumtisha mtu aliyepigwa mara moja kwa sababu ya msingi, ila sio ya kurudia rudia kwa mtoto anayekua ili tu kupata namba nzuri zaidi. Ufuatiliaji unaweza kufanyika kwa eksirei mbili, mbele na ubavu, zinatoa Haller ya karibu sana na CT mradi zote apige amejaza pumzi. Na MRI haina mionzi kabisa, inaonyesha kibonde na moyo kwa pamoja, ila gharama na foleni yake unaijua.

nesi_mama_wawili

Naomba niongezee kidogo maana mnazungumza milimita tu na mtoto bado hajaangaliwa mzima. Mimi ni nesi. Baba Sele, kijana ni mrefu mwembamba? Vidole virefu? Mpime leo leo kwa futi ya fundi cherehani, urefu wake akisimama ukutani, halafu anyooshe mikono pembeni upime kutoka ncha ya kidole cha kati mpaka ncha ya kingine. Mikono ikizidi urefu kwa wazi, mwambie daktari. Mwambie pia akunje dole gumba ndani ya ngumi uone kama ncha yake inatokeza upande wa pili, na ashike kifundo cha mkono mwingine kwa dole gumba na kidole kidogo uone kama vinapandana. Na macho, anaona mbali vizuri ubaoni? Uliza kwenye ukoo kama kuna mtu alikufa ghafla kwa moyo akiwa kijana. Kuna ugonjwa unaitwa Marfan, kifua kubonyea ni moja ya alama zake, na ule hauui kwa kifua, unapanua mshipa mkuu unaotoka kwenye moyo. Wengi wenye kifua hiki hawana Marfan, lakini ni wa kuondolewa shaka mapema, na eko ni kipimo muhimu kwa hilo.

Na mgongo pia, mwambie ainame mbele bila shati umwangalie kwa nyuma, upande mmoja wa mbavu ukiinuka kuliko mwingine mgongo umepinda, huwa vinaenda pamoja.

Halafu yale maneno ya kanga na kikohozi mwambie bibi kwa heshima kwamba sio. Ni gegedu zinazounganisha mbavu na kidari zinaota vibaya zinausukuma mfupa ndani, kwa watoto wa kiume zaidi kuliko wa kike, na zikikutana na ule urefu wa kubalehe kibonde kinaongezeka. Mama yake hajakosea popote.

BabaSele_Ngamiani

Nesi hilo la mwisho nimelisoma kwa sauti hapa ndani na mama Sele amelia. Miaka yote alikuwa anajua ni kanga yake.

Nimempima. Urefu 168, mikono 170. Dole gumba halitokezi, kifundo vidole vinagusana ila havipandani. Ubaoni anaona. Mgongo naona uko sawa lakini mi sio mtaalamu.

nesi_mama_wawili

Alhamdulillah, hizo zinatia moyo. Mikono kuzidi sentimita mbili ni kawaida kabisa. Eko bado aifanye, kwa ajili ya Marfan na kwa ajili ya kuona kama upande wa kulia wa moyo umebanwa, maana ndo ulioko nyuma tu ya mfupa wa kidari. Anzia hospitali ya Bombo hapo Tanga uliza siku za kliniki, wakiona haja watawapa rufaa ya Muhimbili au Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete. Kadi ya bima ibebe na uliza mapema nini kinalipiwa. Kipimo cha kupuliza mapafu nacho uliza, ila usishangae kikitoka cha kawaida wakati mtoto analalamika, hutokea sana, moyo ukibanwa unachoka kwenye mazoezi wakati mapafu yanapuliza vizuri akiwa amekaa.

Mwana_Chumbageni

Mionzi nimekuelewa, hiyo ya 84 na 68 sikuwahi kuisikia, mdogo wangu hakuna aliyempima hivyo. Ila swali, kama huyu hapasuliwi, ndo akae hivyo hivyo na fulana yake Raskazone? Nimeona mtandaoni kuna kikombe cha kubandika kifuani kinavuta.

mionzi_pwani

Kipo na sio utapeli. Alikitengeneza mhandisi wa Ujerumani anaitwa Eckart Klobe, mwenyewe alikuwa na kifua hicho. Unabandika, unatoa hewa kwa pampu ya mkono, kinanyanyua mfupa pole pole. Kinafanya vizuri zaidi kwa watoto wadogo, karibu miaka 11 kushuka chini, wenye kibonde kisichozidi sentimita moja na nusu na kifua bado laini, na kinavaliwa kila siku zaidi ya mwaka mzima. Kwa miaka 14 dirisha halijafungwa ila linafungika. Asinunue akabandika mwenyewe nyumbani, mtu mwenye tatizo la mishipa mikubwa au damu kutoganda au mifupa dhaifu hatakiwi kukivaa, kwa hiyo eko kwanza.

Na Chumbageni swali lako la fulana ni la haki. Aibu ya mtoto ni dalili kama pumzi ilivyo dalili, daktari aambiwe hivyo hivyo na iandikwe kwenye faili. Hakuna kipimo cha picha kinachoionyesha na mi sikubali mtu aambiwe "namba yako ndogo, huna shida".

Baba Sele, nyumbani fanya hivi wakati mnasubiri kliniki. Kila mwezi alale chali mezani, laza rula kifuani kwa upana juu ya kibonde, teremsha rula nyingine katikati mpaka iguse ngozi, usome kina baada ya kuvuta pumzi na kushikilia. Andika kwenye daftari na tarehe. Hiyo ni ya nje kwenye ngozi, haitafanana na ya CT, usizilinganishe, unaangalia tu kama inapanda mwezi hadi mwezi. Hiyo daftari kwa daktari ina thamani kuliko CT ya pili.

Kaka_wa_Pongwe

Na aendelee na mpira. Mwalimu wake aambiwe asimkimbize kama adhabu lakini asimtoe kwenye timu. Mazoezi hayanyanyui mfupa ila kifua na mgongo vikikaza ukisimama unaonekana tofauti, mi nimeliona kwangu. Akitaka mtu wa kuongea nae mwenye kibonde kama chake mpe meseji yangu ya pembeni humu, nitamjibu.

BabaSele_Ngamiani

Kijana kasoma yote, kaniambia nikuulize Kaka wa Pongwe, uliwahi kuogelea bila fulana?

Kaka_wa_Pongwe

Mwambie ndio, na kwa mara ya kwanza nilikuwa mkubwa kuliko yeye. Anitumie meseji.

BabaSele_Ngamiani

Anakutumia saivi. Sisi Jumatatu asubuhi tupo Bombo kuuliza kliniki, CD tumebeba, na karatasi nimeandika: wapime ile ya marekebisho kwenye picha hizi hizi, waandike kwamba alipigwa bila kushikilia pumzi, eko, kipimo cha kupuliza, na mgongo uangaliwe. Majibu nitayaleta hapa hapa.